Baba, Jumatatu Mpolandi Wako Atasema kwa Sauti Yangu

Mpendwa Baba,

Shikamoo. Najua hutaitika, lakini siwezi kuanza kusema na wewe bila kuanzia hapo, ungeniuliza nimelelewa na nani.

Baba, roho yangu iko juu juu. Leo ni Jumamosi, nimekaa barazani hapa Bigwa. Jumatatu saa moja jioni Mpolandi wako anarudi kwenye televisheni. Ni tamthilia yake ya mwisho, ile ambayo yeye ni mzee anayerudi kijijini alikozaliwa ili afie huko. Atasema Kiswahili kama kawaida yake, ila safari hii aliyemwingizia sauti ni mimi. Na wote pale studio, kuanzia Dada Neema anayesimamia kazi mpaka mlinzi wa getini, wanasema sauti yangu ndiyo yako, haina tofauti. Mama hajui. Mama atakaa kwenye kiti chake kama alivyokaa miaka yote, atawasha, na mume wake aliyemzika Matombo atasema "habari za jioni" humo ndani. Jamani, nimefanya nini?

Nakuandikia wazi, wasome na wengine, kwa sababu nusu ya Morogoro ilikujua kwa sikio hata kama hawakukujua kwa sura. Wasiokujua niwaeleze. Ulikuwa mwalimu wa Kiswahili wa sekondari, na likizo ulikuwa unaigiza michezo ya redio. Kisha kituo kimoja cha Dar kikanunua tamthilia za Kipolandi, zikatafutwa sauti za kuzifanya ziongee Kiswahili, na wewe ukapewa mwigizaji mmoja, luteni kijana mwenye farasi na masharubu. Jina lake lilitushinda nyumba nzima. Ulijaribu kulitamka mezani, Mama akacheka mpaka akapaliwa, basi ukaamua kumwita Mwenzangu.

Hukujua kama umefunga ndoa. Mwenzangu hakuwa mtu wa kucheza mara moja akapotea. Baada ya tamthilia hiyo ya vita akawa daktari wa kijiji kinachofunikwa na theluji, na hapo ndipo watu walipowapenda, yeye na wewe. Akawa hakimu mla rushwa. Akawa mjane mfuga nyuki. Kuna filamu moja alikuwa padri mlevi, ukamwendea paroko kabisa kumuuliza kama ni dhambi kumsemea. Kila kituo kiliponunua kitu chenye sura yake, simu ilikuja kwako, hakuna aliyewaza kumpa mtu mwingine. Alipoota mvi, na wewe ukaota. Alipoota kitambi, Mama akasema sasa ndiyo mnafanana.

Nakumbuka ulivyokuwa unafanya mazoezi sebuleni. Unazima sauti ya televisheni kabisa, unavuta kigoda karibu, sisi watoto tunakaa nyuma yako bila kukohoa. Mpolandi anafungua mdomo, hakuna kinachotoka, na wewe unatoka. Dada yangu alikuwa akidhani wazungu wote wamezaliwa bubu na wewe ndiye unawasaidia. Mara moja nilikuuliza unajuaje aanze kusema lini, kama unaangalia midomo. "Midomo ya nini?" ukasema. "Midomo inadanganya. Angalia kifua. Mtu akivuta pumzi, wewe vuta naye, maneno yatakuja yenyewe." Nilikuwa darasa la nne, nikaenda shule nikiwaangalia watu vifua mpaka mwalimu akaniita pembeni.

Na vile vituko vya kula! Wapolandi wale hawaachi kula kwenye tamthilia zao, kila wakikaa ni supu. Ulikuwa unamwambia Mama akupikie uji mwepesi, halafu unaunywa kwa sauti ukiangalia kioo cha televisheni, unarudia, unarudia, mpaka Mama anatoka jikoni na mwiko. "Wewe baba, uji huo unakunywa au unapigana nao?" Unamjibu kwa sauti ya daktari, nzito, ya upole: "Mke wangu, mgonjwa anahitaji utulivu." Basi, hasira zote zinaisha hapo hapo.

Lakini jambo ninaloliogopa, Baba, ni lile lililokuwa likitokea ukiwa haupo. Ulikuwa ukienda Dar kurekodi wiki mbili, tatu. Huku nyumbani saa moja ikifika Mama anafunga jiko, anavua kitambaa cha kichwa, anajipaka mafuta mikononi, anakaa. Hapo ndipo unapoingia wewe na theluji yako. Na Mama anakujibu! Hukuwahi kuliona, sisi tuliliona. Daktari akimuuliza nesi, "Umechoka?" Mama anasema, "Nimechoka sana, tangu asubuhi." Daktari akisema atachelewa kurudi, Mama anasema, "Ndiyo kawaida yako." Na siku ile daktari alipombusu yule mke wa mwenye kinu, Mama alisimama akazima televisheni, na uliporudi Ijumaa ulikuta chakula kimefunikwa na mtu hasemi na wewe. Ukajitetea kwamba kubusu amebusu Mpolandi, wewe umetoa mlio tu. "Ndiyo huo mlio," Mama akasema. Ikabidi uende kumwita Mama Asha wa jirani aje asuluhishe, naye alipoelezwa kesi yenyewe akakaa chini kwenye mkeka akacheka mpaka akajishika mbavu.

Huyo ndiye mtu ambaye Jumatatu anakwenda kukaa kwenye kiti. Miaka yote hiyo amekuwa akizungumza na televisheni akijua kwamba Ijumaa wewe mwenyewe utarudi na begi. Sasa atamjibu nani?

Kuna safari moja ulinichukua nikuone kazini. Ilikuwa treni ya zamani, ile ya kupiga honi Kingolwira na kukaa Ngerengere mpaka watu wanashuka kununua mahindi. Pale Ngerengere ulitoa kichwa dirishani ukamuuliza mama muuzaji, "Machungwa yako matamu?" Basi. Neno hilo tu. Kuna mwanajeshi aliyekuwa amesimama kule mbele na sare zake akageuka kama kaitwa na mkuu wake. Akaja mpaka dirishani. "Samahani mzee, shikamoo. Wewe ni daktari?" Ukasema wewe ni mwalimu. "Hapana," akasema, "wewe ni daktari. Mama yangu aliugua muda mrefu, alikuwa hali chakula mpaka kipindi chako kianze. Anasema akikusikia tumbo linatulia." Akatununulia machungwa yote yale. Wewe uliyachukua, ukashukuru, na treni ilipoondoka ukanimenyea moja moja mpaka tumeupita mto Ruvu, wewe mwenyewe hukula hata moja. Siku hizi treni ya umeme inapita kwa kasi, hata huwezi kutoa kichwa, na mimi nikienda kurekodi nakaa nikitazama dirisha lililofungwa, nimefunga mdomo, naogopa hata kuagiza maji.

Naogopa, ndiyo. Tangu nianze kazi hii naogopa kusema mbele za watu. Mh, hebu fikiria hilo, mtoto wako mimi niliyekuwa nafukuzwa darasani kwa kelele.

Ulipoondoka uliondoka kwa presha, ghafla, hukutuaga. Tukakupeleka Matombo, kwenu, ukazikwe na watu wako. Barabara ilikuwa mbovu, gari lilikwama mara mbili, wanaume wakashuka kusukuma jeneza likiwa ndani, Mzee Kasubi akawa anapiga kelele kwamba Waluguru hata kufa hamjui, mnafia mjini halafu mnasumbua watu kupanda milima. Unamjua Kasubi, mtani wako, Mnyamwezi yule. Pale msibani alichukua koti lako akalivaa, akabana tumbo, akaanza: "Wananchi wa Matombo, mimi daktari wenu nimekufa, lakini msilie, kesho saa moja nipo hewani." Watu wakacheka wakiwa na machozi. Mama alicheka, Baba. Alijifunika khanga usoni akacheka mabega yakitikisika, na kicheko kikageuka katikati ya njia kikawa kitu kingine, akina shangazi wakamshika. Lakini hakukasirika. Mtani ana ruhusa yake. Akishapewa chake na kaburi likishafunikwa, anavua koti anakwenda zake, na sauti ya marehemu haichezewi tena. Mimi siyo mtani. Mimi ni mtoto.

Na hata kuwa mtoto kwenyewe unajua kwetu kulivyo. Mtoto wa Kiluguru ni wa ukoo wa mama yake. Wewe ni wa ukoo wa bibi, pamoja na Shangazi na watoto wake. Mimi ni wa ukoo wa Mama. Siku ya kumaliza matanga jina lako alipewa Mkude, mtoto wa Shangazi, kama inavyotakiwa, na tangu siku hiyo Mama anamwita "mume wangu" na kumtuma sukari. Hayo yote yako sawa. Jina lilipata mwenyewe, shamba la migomba lilipata mwenyewe, hata lile koti. Sauti hakuna aliyeikumbuka.

Mpaka nilipompigia Dada Neema kumpa taarifa rasmi za msiba. Nilisema "hallo" tu, kule simu ikaanguka. Nikasema "hallo" tena, nikasikia analia. Baada ya miezi akapiga yeye. Wamenunua tamthilia ya mwisho ya Mpolandi, mzee mwenyewe ameshaacha kazi, amecheza hii akastaafu. Wamejaribu watu, wamejaribu mpaka watangazaji wa mpira, haikai. "Kaka, njoo ujaribu mara moja tu," akasema. Nikaenda. Mpolandi akavuta pumzi, nami nikavuta.

Nilijua hili si jambo la kujiamulia. Nikapanda Matombo kwa Shangazi, nikamsalimu, nikakaa chini, nikamweleza. Akasikiliza mpaka mwisho akitafuna tambuu.

"Sauti ile aliitoa wapi?" akaniuliza.

"Kwenu, Shangazi."

"Kwetu. Babu yetu alikuwa akiita mtu ng'ambo ile ya mto anaitikiwa. Umefanya vizuri kuja kuomba. Kafanye kazi yako, lakini ukoo utakaa. Tukishakaa, nitateremka mwenyewe nimwambie wifi yangu kwa heshima. Wewe usimwambie. Mambo ya kaka yangu hayasemwi na mtoto uani."

Nikaitikia. Halafu mvua zikaanza, na unazijua mvua za Uluguru. Barabara ikakatika, wazee wa juu wakashindwa kushuka, kikao kikasogezwa, kikasogezwa tena. Studio nao hawasubiri mvua za Matombo. Nimerekodi karibu yote, bado sehemu za mwisho tu, na ukoo haujakaa mpaka leo. Angalia ujinga wangu, Baba. Nimefuata utaratibu wote, nimemwomba kila mwenye haki, na mtu pekee niliyemruka ni mama yangu mzazi, ambaye ndiye wa ukoo wangu.

Nimeacha kuandika kidogo. Mama ameniita.

Nimerudi. Alikuwa ndani, amekaa mbele ya televisheni na ungo wa mchicha mapajani, anachambua. Akasema king'amuzi kinakatakata picha, nimwangalizie waya, kisije kikamwangusha Jumatatu.

"Jumatatu kuna nini?" nikauliza.

"Kwani hujaona tangazo? Tangu juzi wanalitoa. Baba yako."

Nikashika ule waya nikaendelea kuushika.

"Nilikuwa hapa hapa," akasema. "Nimeinama. Nikasikia, 'Nimerudi nyumbani.' Nikaitika, mwanangu! Nikasema 'karibu' kabla sijakumbuka. Ungo nikaumwaga wote." Akacheka. Uso wake, Baba, sijauona hivyo tangu uondoke. "Kumbe aliacha amesharekodi. Na asiniambie! Mjanja yule, alijua atanikuta. Nimemwambia Mama Asha, nimemwambia Mama Mchungaji, waje Jumatatu, nitakaanga maandazi."

Sasa niambie wewe. Ningenyamaza? Lilinipitia kichwani, nakuambia kweli. Ningenyamaza, angekuwa na furaha wiki zote za tamthilia, angedhani ulimwachia zawadi. Lakini angejua siku moja, Shangazi angeteremka na heshima zake akamwambia mbele ya wageni. Na angegundua kwamba mtu aliyekuwa akizungumza naye sebuleni ni mimi niliyelala chumba cha pili.

"Mama," nikasema, "si Baba."

"Si Baba nini?"

"Ni mimi. Aliyerekodi ni mimi."

Alinitazama. Kisha akarudi kwenye mchicha, akachambua jani moja moja, mabua huku, majani huku. Tangazo likapita tena wakati ule ule, Mungu naye ana mambo yake. "Nimerudi nyumbani," Mpolandi akasema mlangoni, amekongoroka, ana fimbo. Mama hakuinua kichwa. Alisikiliza ameinama mpaka likaisha.

"Shangazi yako anajua?"

"Anajua."

"Na Mkude?"

"Anajua, Mama. Ilikuwa lazima niombe kwanza kwa..."

"Najua ilikuwa lazima. Mimi nimeolewa ukoo ule kabla wewe hujazaliwa." Akasukuma ungo. "Nimelala na sauti hiyo miaka yote ile, nimegombana nayo, imenizalia nyinyi. Halafu wa kuambiwa mwisho ndiye mimi. Kaeni, kaeni vikao vyenu."

Nikapiga magoti nikaomba msamaha, Baba. Nje Mama Asha alikuwa anamfokea kuku wake. Hatimaye Mama akaniuliza huyo mzee wa kwenye tamthilia mwisho wake nini. Nikamwambia anakufa. Akauliza kama nimesharekodi pale anapokufa. Nikamwambia bado, ni Alhamisi ijayo.

"Huyo mwenzake baba yako, miaka yote hakuwahi kufa," akasema taratibu. "Haya. Umrekodi vizuri, asiteseke."

Nikadhani amemaliza. Nikainuka niende.

"Sikiliza," akasema. "Jumatatu usikae hapa. Hata chumbani usikae. Nikikuona mdomo huo, nitamsikia mwanangu, na mwanangu ninaye kila siku. Mimi Jumatatu nataka kumsikia mume wangu. Panda Matombo, kaa na hao wenye sauti yao, urudi tamthilia ikiisha."

Nikasema ndiyo, Mama. Nikatoka.

Kwa hiyo naondoka kesho, Baba, mvua ikiruhusu, na Alhamisi nitateremkia studio moja kwa moja. Niliogopa kwamba atalia, niliogopa kwamba atanilaani. Sikuwaza kwamba atanifukuza ili akupate wewe. Na amefanya vizuri, simlaumu. Jumatatu Mama atakusikia. Mama Asha atakusikia akiwa na andazi mkononi. Shangazi kule juu atafunguliwa televisheni ya kanisa, atasema kaka huyo. Kama yule mwanajeshi na mama yake bado wapo, watakusikia na wao, na tumbo litatulia.

Mimi nimejaribu. Studio walinivalisha hedifoni nijisikilize, wote wakawa wanafuta machozi upande wa pili wa kioo, nami nikafumba macho nikangoja unijie. Nilisikia mtu anavuta pumzi kwa woga, anameza mate, anaogopa kukosea. Nilijisikia mimi. Kila ninaporudia ni hivyo hivyo. Dunia nzima wamekupata, Baba, na mimi nikiwa ndiye ninayewapa, ndiye peke yangu siwezi kukusikia tena.

Alhamisi nitakuvutia pumzi ya mwisho, pole pole, usiteseke. Lala salama huko mlimani.

Mimi mwanao, niliyebaki na koo lako.